Ukitaka kupiga jazi, anzia New Orleans

Kijana mmoja mpiga gitaa kaniandikia: "Kaka, nianzie wapi nami niipige jazi kama wewe?" Swali lake limenitonesha kidonda. Miaka ya nyuma kiongozi wa bendi ya hoteli moja hapa Dar alinikataa mbele ya wenzangu, akasema jazi ni ya Wazungu, mimi nirudi kwenye rumba yangu. Bado inauma. Mwezi uliopita nimepiga jazi katika ukumbi uleule, watu wakasimama kushangilia.

Mdogo wangu, mimi nilifuata mzizi. Kule New Orleans, Marekani, watumwa walikusanyika Jumapili kupiga ngoma na kucheza, na mwaka 1817 wakuu wa mji wakaamuru wafanye hivyo mahali pamoja tu. Ndipo ukapata sifa uwanja wa Congo Square. Kabla ya hapo, mwaka 1809, walikuwa wameingia wakimbizi zaidi ya 9,000 waliotoka Saint-Domingue, Haiti ya leo, wakipitia Cuba. Weusi, machotara, Wazungu, watumwa na walio huru, kila mtu na muziki wake. Wewe unadhani jazi ingezaliwa wapi kwingine?

Jelly Roll Morton, Mkrioli (mzawa wa damu mchanganyiko) wa mji huo na fundi wa piano, alimweleza Alan Lomax, mtafiti wa muziki wa Kimarekani, mwaka 1938 kwamba jazi isiyotiwa ladha ya Kihispania haikolei. Alikuwa akisema habari za mdundo wa habanera, uliotoka Cuba. Niliposikiliza mkono wake wa kushoto nilishtuka: mapigo nane yamegawanywa tatu, tatu, mbili. Mbona nayajua haya! Yamo kwenye rumba ya Kongo, iliyonyonya santuri za Cuba tangu miaka ya 1930. Yule bwana wa hotelini alinifukuza kwa kitu kilekile alichokuwa akikitafuta.

Kwa hiyo vijana, acheni kukimbilia kodi (chords) ngumu za gitaa kabla mwili haujaushika mdundo. Mdundo kwanza. Hesabu moja hadi nane, piga kofi kwenye moja, nne na saba, huku mguu ukigonga moja, tatu, tano na saba. Usiguse gitaa mpaka uweze kuongea na mtu bila makofi kupotea. Kisha msikilize Morton, mkono wa kushoto tu. Ukishaweza, niandikie tena, tuzungumze habari za Sidney Bechet, mpiga klarineti na saksofoni wa mji uleule.