Pai za matunda za kukaanga: kwa nini zinapasuka kwenye mafuta, na ninavyozipika hapa Mtwara

Dada wa Nachingwea, umeuliza mambo mawili: kwa nini pai zako za maembe zinafumuka zikiwa kwenye mafuta, na kwa nini zile zinazosalimika zinatoka zimelowa mafuta hata kuzishika ni shida. Wengi wamekushauri uongeze unga au ubane zaidi kwa uma. Naheshimu ushauri wao, lakini kwa maelezo uliyotoa (maembe mabivu yaliyokatwa vipande, sukari juu, kisha unafunga) mimi naona tatizo liko ndani, siyo pembeni. Pai hizi nazipika nyumbani, za familia na za oda za maulidi na harusi, kwa hiyo nitaeleza kwa kirefu kidogo.

Pai ikiingia kwenye mafuta ya nyuzi joto 175 au 180, maji yaliyomo ndani yanageuka mvuke. Mvuke unatafuta pa kutokea, na mahali dhaifu kuliko pote ni pale ulipounganisha. Hata ubane namna gani, embe lisilopikwa na sukari vitaendelea kutoa maji na mwisho pai itaachia. Ikishaachia, juisi inamwagika kwenye mafuta, mafuta yanaruka na kuunguza mikono, sukari inaungua chini ya karai, na pai zote za baadaye zinatoka na vidoadoa vyeusi na uchungu. Ndiyo maana nasema kazi kubwa ya pai hii inaisha kwenye sufuria ya matunda, kabla hujagusa unga.

Wenyewe Wamarekani wa majimbo ya kusini, ambao pai hizi za nusu mwezi ni chakula chao cha siku nyingi, wamezoea kuzijaza matunda makavu, hasa tufaha na pichi. Zamani walikausha ili wawe na matunda wakati wa baridi, wakati hakuna kitu mtini. Wanaloweka, wanachemsha, wanaponda mpaka inakuwa kitu kizito, ndipo wanajaza. Tunda kavu limeshaaga maji yake na ladha yake imejikusanya. Hilo ndilo la kuiga kwao, kuliko kuhangaika kutafuta matufaha ya bei dukani wakati sisi huku tumezungukwa na maembe na mabibo, yale matunda ya mkorosho.

Nianze na maembe kwa kuwa ndiyo uliyotumia. Usichague embe lililoiva likalainika. Chukua lililoanza kuiva, ambalo ukilibonyeza bado linakataa kidogo. Lina uchachu, na lina zaidi ya ile asili inayofanya jamu igande. Dodo linafaa sana kwa sababu nyama yake ni nyingi na nyuzi chache. Embe lenye nyuzi nyingi lipitishe kwenye kikwaruzo, nyuzi nyingi zitabaki upande wako. Kwa kilo moja ya nyama ya embe, bila kokwa wala ganda, naweka sukari gramu 150, juisi ya ndimu moja, chumvi kidogo tu na iliki iliyotwangwa nusu kijiko cha chai. Weka kwenye sufuria pana, siyo ndefu, maana maji yanatoka haraka pale penye upana. Moto wa wastani mpaka liponde, kisha moto mdogo, na usiondoke jikoni. Mwishoni linashika chini upesi na linarusha matone ya moto.

Utajuaje limefika? Pitisha mwiko katikati ya sufuria. Ile njia uliyoichora ikae wazi, mchanganyiko usirudi kuifunika. Kwangu inachukua kama dakika 40, na kilo ile inabaki kama nusu yake. Ikiwa njia inajaa maji polepole, bado. Wapo wanaookoa hali kwa kijiko cha unga wa mahindi laini au wanga. Inashika, lakini mimi siipendi, ladha ya embe inafifia na mdomoni inakuwa kama uji. Afadhali dakika kumi zaidi za kukoroga.

Kisha upoe kabisa. Wengi hawana subira hapa. Mchanganyiko wenye uvuguvugu unayeyusha mafuta yaliyo kwenye unga, unga unalegea, na pale unapobana panateleza. Mimi naupika jioni, naufunika, naulaza kwenye friji, asubuhi ndipo nasukuma.

Kama una maembe uliyokausha mwenyewe, hiyo ni bahati. Gramu 200 za maembe makavu, maji ya moto ya kufunika tu, saa moja, kisha yapike katika maji yale yale mpaka yakauke. Kukausha huku kwetu kunataka uwahi maembe ya mwanzo wa msimu, kwa sababu mvua zikishaanza jua halitabiriki na vipande vinaota ukungu. Kata vyembamba, funika kwa neti, na usiku ingiza ndani.

Sasa mabibo. Nawasihi ndugu zangu wa Mtwara na Lindi mnisikilize hapa. Kila msimu wa korosho tunaokota korosho na tunaacha mabibo yakioza chini ya mikorosho, ukiacha yanayokamuliwa uraka au kukaushwa kwa ajili ya pombe. Tunda hili lina vitamini C nyingi kuliko chungwa, mara kadhaa. Watafiti wa kituo cha utafiti wa kilimo cha Naliendele hapa Mtwara wameshawafundisha watu kutengeneza juisi, jamu na mvinyo wa mabibo, kwa hiyo siyo kitu cha ajabu ninachokuletea. Na kwa pai, bibo lililopikwa vizuri ni tamu kuliko embe. Nasema hivyo nikijua wapenda maembe watanipinga.

Adui wa bibo ni ukakasi, ule unaokaba koo na kukausha ulimi. Unaondolewa kwa chumvi na moto. Okota ya siku hiyo hiyo, kwa sababu bibo la jana limeshaanza kuchacha. Nyonyoa korosho kwa kuizungusha, usiivunje wala kuikata, maana mafuta ya ganda lake yanababua ngozi. Vaa nguo usiyoijali, juisi ya bibo ikiingia kwenye kitambaa haitoki. Osha, kata ncha zote mbili, chemsha kwenye maji yenye chumvi, kijiko kimoja cha chakula kwa kila lita, dakika kumi hivi. Mwaga maji hayo, suuza, kisha kamua kwa mikono mpaka libaki kapi lenye unyevu kidogo. Likatekate ukikingama na nyuzi zake, dogo dogo sana, la sivyo mlaji atabaki anatafuna kamba. Hapo pika na sukari, tangawizi mbichi iliyokwaruzwa na ndimu mpaka rangi igeuke kahawia ya asali. Unahitaji mabibo mengi, kama kilo mbili na nusu, kupata kiasi kile kile kinachotoka kwenye kilo ya embe.

Kwenye mchanganyiko wa mabibo, na hata wa embe, natia korosho zilizokaangwa na kupondwa nusunusu. Nunua zile zilizovunjika, ni bei nafuu na kazi ni ile ile. Zinanyonya unyevu uliobaki na zinampa mlaji kitu cha kutafuna.

Nanasi linataka kukwaruzwa, kuchujwa juisi (kunywa), kisha kupikwa kama embe. Ndizi mbivu ni rahisi kuliko zote: ponda, kaanga kidogo na samli na mdalasini, basi. Papai silishauri, maji mengi na ladha inapotea.

Twende kwenye unga. Nusu kilo ya unga wa ngano, chumvi kijiko cha chai, sukari kijiko cha chakula, mafuta ya kuganda gramu 125, na maji baridi sana kama mililita 200, ukiongeza kidogo kidogo. Ndani ya maji tia kijiko cha chai cha siki au ndimu, unga unakuwa mtiifu wakati wa kusukuma na haujikunji. Sugua mafuta kwenye unga kwa ncha za vidole mpaka uwe kama chenga za mkate. Hicho ndicho kinachofanya ganda likatike mdomoni badala ya kuvutika kama chapati. Ukishatia maji, usikande kama unavyokanda maandazi. Kusanya tu, finyanga mara chache, funika, weka friji nusu saa. Ukiukanda sana utapata ngozi ngumu.

Kuhusu mafuta gani: samli ndiyo ninayoipenda. Majarini inafaa, ila ina maji ndani yake, kwa hiyo punguza maji ya kukandia. Uliuliza pia kama mafuta ya nazi ya nyumbani yanafaa. Kwa joto la pwani yetu hayagandi, maana mafuta ya nazi huganda joto likishuka chini ya nyuzi 24 hivi. Yakiwa maji yanaingia kote kwenye unga na ganda halitoki na matabaka. Yaweke kwenye friji yagande, kisha yakwaruze, hapo yatakubali, na harufu yake na nanasi vinapendana mno. Lakini usiyatumie kukaangia pai hizi, yale ya nyumbani yanaanza kutoa moshi karibu na joto lile lile tunalolihitaji.

Fanya kazi hii alfajiri au asubuhi mapema kabla nyumba haijapata joto. Gawa madonge 12, toa moja moja kwenye friji, sukuma hadi upana wa kisosi kikubwa, unene kama wa chapati, usiwe mwembamba kama manda za sambusa. Weka vijiko viwili vya chakula vya mchanganyiko upande mmoja, ukiacha ukingo wa upana wa kidole. Paka ukingo ute wa yai au maji, kunja, kisha toa hewa kwa kubonyeza kutoka kwenye mchanganyiko kwenda nje kabla hujabana. Hewa nayo inatanuka kwenye moto. Bana kwa uma pande zote mbili. Mimi nasuka ukingo kama wa mkeka, inashika zaidi na inapendeza. Usitoboe juu, hiyo ni ya pai za kuoka. Hapa tundu ni mlango wa mafuta. Zikishakuwa tayari, zirudishe friji dakika 20.

Sasa swali lako la pili, kulowa. Mara nyingi ni mafuta ambayo hayajapata moto, au karai limejazwa pai nyingi joto likaanguka. Tumia mafuta ya alizeti yaliyosafishwa, mapya, kina cha vidole vitatu hivi. Yaliyokaangia samaki au pweza usiyaguse, pai itakueleza. Kama huna kipimo cha joto, tupia kipande kidogo cha unga: kikizama, kikakaa kidogo, kikapanda na mapovu madogo pembeni, ni sawa. Kikibaki chini, bado. Kikipanda na kuwa kahawia hapo hapo, epua, subiri. Kaanga tatu kwa mara moja, dakika mbili hadi tatu kila upande, ukizimwagia mafuta juu kwa upawa. Ndani kumeshaiva, unachopika ni ganda tu, kwa hiyo usiharakishe kwa moto mkali: nje litaungua na kati litabaki bichi.

Umesema unatumia mkaa. Inawezekana, nimepikia mkaa miaka mingi. Subiri makaa yashike yote yawe na jivu juu, na uwe na bati pembeni la kutolea makaa moto ukizidi. Kuongeza mkaa mpya katikati ya kukaanga kunavuruga kila kitu, kwa hiyo weka wa kutosha mwanzoni.

Zikitoka zisimamishe kwenye chujio au waya, zisilale juu ya karatasi zikajifukizia mvuke wao zenyewe. Gazeti liache kabisa, wino wake siyo chakula. Nyunyiza sukari ikiwa bado ina moto, au ufuta uliokaangwa, na wewe uko Lindi, ufuta hautakusumbua. Watoto wazuie robo saa. Ganda linapoa mapema lakini ndani sukari inabaki na moto wa kubabua ulimi.

La mwisho, ulisema unataka kupeleka Masasi kuuza. Pai hizi ni za siku ile ile. Hewa yetu ya unyevu inalainisha ganda, ingawa ukizipasha kwenye kikaango kikavu zinarudi kiasi. Zipoe kabisa kabla ya kupanga, tumia boksi la karatasi lenye matundu, siyo ndoo wala mfuko wa plastiki. Kama una friza kule uendako, ni bora zaidi kubeba zikiwa mbichi zimeganda, kwenye boksi la barafu, ukakaangie hapo hapo sokoni. Zitie kwenye mafuta zikiwa bado zimeganda, moto upungue kidogo, muda uongezeke dakika moja au mbili kila upande, na zisizidi mbili kwenye karai.