Maswali ya Wasomaji: Honda ndogo ya skrambla iliyolala ghalani

SWALI: Ndugu Mhariri, ninaishi Minnesota, Marekani. Mzee jirani yangu ameniuzia pikipiki, Honda CL90 ya mwaka 1968, ambayo haijawashwa kwa miaka mingi, ingawa injini inazunguka. Je, petroli yake huchanganywa na oili? Na je, inafaa kupelekwa matopeni?

JIBU: Ndugu msomaji, usichanganye. CL90 ina injini ya mipigo minne, silinda moja, isiyofika cc 90 kamili, na oili yake hukaa humohumo chini ya injini. Kuchanganya ni kwa injini za mipigo miwili, na hata huko Yamaha DT1 ya mwaka 1968 ilikwishawekewa pampu ya kuvuta oili kutoka tangi lake la pekee.

Kabla ya kupiga kiki, fungua plagi, tia matone machache ya oili ndani ya silinda, kisha mwaga petroli yote ya zamani na umulike tangi kwa tochi uone kama lina kutu. Kazi kubwa zaidi iko kwenye kabureta, kifaa kinachochanganya petroli na hewa. Petroli iliyokauka huacha utando wa rangi ya kahawia unaoziba jeti ndogo ya mwendo wa polepole, yaani kijitundu cha kupitishia petroli, na ndiyo maana pikipiki za namna hii huwaka ukivuta choki inayopunguza hewa, kisha huzima mara tu unapoirudisha. Loweka jeti hiyo kwenye dawa ya kusafishia kabureta na uipulize kwa upepo. Usiichokonoe kwa waya wa chuma, kwa sababu shaba ni laini, na tundu likipanuka hutapata tena mchanganyiko sahihi. Pointi za kuwashia, yaani vibano vinavyokata umeme ili plagi itoe cheche, nazo zisafishwe na kuachiwa uwazi wa milimita 0.3 hadi 0.4.

Kuhusu matope, skrambla hii ni pikipiki ya barabarani iliyopandishiwa bomba la ekzosi ubavuni na kupewa usukani mpana, kwa hiyo barabara ya changarawe inaimudu, matope mazito hapana. Hata hivyo ukoo wake una heshima: mwaka 1962 Dave Ekins na Bill Robertson Jr. walizipitisha skrambla za Honda CL72 za cc 250 katika jangwa la Baja California, kutoka Tijuana hadi La Paz, na Ekins akafika kwa muda usiotimia saa 40.

Nakusihi usilikate bomba hilo wala kutupa kinga yake ya joto, maana ni vigumu kuvipata vya asili kuliko vipuri vya injini. Fedha uliyonayo ianzie kwenye matairi, hata kama hayajawa vipara.