Maswali ya Wasomaji: Ekipe iliyokufa, historia yake tuianzie wapi?

Ndugu wahariri, sisi ni wa Katuba, hapa Lubumbashi. Marehemu baba yetu alichezea ekipe (timu ya mpira) ndogo ya mtaa ambayo leo haipo tena. Ametuachia picha, risiti, barua chache na daftari la mechi. Wazee wanabishana: huyu anasema ekipe ilianza 1964, yule anashikilia 1972. Tumwamini nani?

Msimchague yeyote kwa sasa. Tandikeni kwanza karatasi zote mezani, mrudi kwa wazee baadaye.

Tazameni mhuri na kichwa cha barua. Mji uliacha kuitwa Élisabethville mwaka 1966; jimbo la Katanga liliitwa Shaba kuanzia mwanzo wa miaka ya 1970 hadi 1997. Hapa wengi huteleza. Jina jipya ni ushahidi mzuri, kwa kuwa hakuna aliyeliita jimbo "Shaba" kabla jina hilo halijawekwa. Jina la zamani si ushahidi wa namna hiyo: mhuri mpya uligharimu pesa, na komite ya ekipe ya mtaa iliendelea kugonga ule wa zamani, au kumaliza karatasi zilizobaki kabatini. Kwa hiyo barua yenye mhuri wa Élisabethville inaweza kuwa imeandikwa baada ya 1966.

Risiti ni kali zaidi, maana fundi wa viatu na muuza jezi walidai pesa za siku ile. Fedha ya zaire iliingia 1967: zaire 1 ilikuwa na makuta 100 na ilichukua nafasi ya faranga 1,000. Zaire mpya ilikuja 1993, faranga ya leo 1998. Risiti ya mpira iliyoandikwa kwa makuta haiwezi kuwa ya 1964, hata mzee aape.

Someni pia orodha za wachezaji. Mwaka 1972 serikali ilikataza majina ya Kikristo kwenye karatasi rasmi. Orodha yenye akina Jean na Pierre watupu huenda ni ya kabla ya hapo, au ya miaka ya 1990 majina yaliporudi. Fedha kwenye risiti za msimu uleule huenda ikawasaidia kujua ni ipi.

Sasa rudini kwa wazee, mkawaone mmoja mmoja. Wakikaa pamoja, mwenye sauti kubwa huwavuta wengine, nanyi mtaondoka na kumbukumbu ya mtu mmoja mkidhani ni ya watano. Msiulize mwaka, ulizeni tukio: "Baba, ulikuwa umeshaanza kuchezea ekipe Englebert ilipochukua kombe la Afrika?" Englebert, ndiyo TP Mazembe ya leo, ilichukua mara mbili mfululizo, 1967 na 1968, basi ongezeni: ni lile ambalo Asante Kotoko ya Ghana hawakutokea kwenye mechi ya tatu ya kuamua, au lile la kuifunga Étoile Filante ya Togo? La kwanza ni la 1967. Kombe la Dunia la 1974, ambalo nchi yetu ilicheza, na vita vya Kolwezi vya 1978 vinafaa vilevile.

Kuhusu 1964 na 1972, tunadhani wazee wenu wote wawili wanaweza kuwa sahihi. Ekipe nyingi za hapa zilibeba zaidi ya jina moja. Mazembe yenyewe ilianzishwa 1939 kwa jina la Saint Georges, ikaitwa Saint Paul, kisha Englebert. Na 1972 ni wakati uleule majina ya kigeni yalipokuwa yakiachwa kwa amri. Huenda mzee wa pili anakumbuka kubatizwa upya, si kuzaliwa. Fungueni ukurasa wenye safu tatu: jina, karatasi ya kwanza linapoonekana, karatasi ya mwisho. Wachezaji sita au saba wakivuka kutoka jina moja hadi jingine msimu uleule, hiyo ni ekipe moja.

Kama iliungwa mkono na parokia, ombeni kuona daftari za parokia. Kama ilikuwa ya kambi ya wafanyakazi, tafuteni matoleo ya Mwana Shaba, jarida la kampuni ya migodi ya Union Minière na baadaye Gécamines. Na msisahau familia zilizolazimika kuhama Katanga mwaka 1992 na 1993: daftari la sekretere huenda liko Mwene-Ditu au Kananga, huko Kasai, leo.

Picha zimegandana na albamu ya plastiki. Tuzivute?

Hapana. Pitisheni uzi laini chini ya kona, taratibu. Ukikwama, acheni, pigeni picha hapohapo karibu na dirisha, bila flashi wala jua la moja kwa moja. Zinazotoka, skani kwa dpi 600, mbele na nyuma, kwa kuwa nyuma mara nyingi kuna mhuri wa studio. Majina yaandikwe nyuma, pembeni, kwa penseli laini. Kalamu ya wino hupenya. Msizipeleke kupakwa plastiki ya moto: haitoki tena.

Daftari lina klasema (msimamo wa ligi) ya ekipe 6. Wa kwanza alicheza 10, akashinda 7, sare 2, akafungwa 1, na ana pointi 16. Si zingekuwa 23?

Ni 16. Zamani ushindi ulikuwa pointi 2. Pointi 3 zilianza kutumika kwenye Kombe la Dunia mwaka 1994. Msisahihishe, nakilini kama ilivyo.

Mnaweza kuipima klasema yote. Ekipe 6 zikicheza nyumbani na ugenini ni mechi 30, na kila mechi inatoa pointi 2, kwa hiyo jumla ya safu ya pointi lazima iwe 60. Magoli ya kufunga yalingane na ya kufungwa, ushindi ulingane na kushindwa, na jumla ya sare iwe namba shufwa. Mkipata 58, tafuteni mechi ambayo haikuchezwa, au forfeti (mechi iliyoamuliwa bila kuchezwa) ambayo ekipe zote mbili zilinyimwa pointi. Magoli yasipolingana lakini pointi ni 60, mwandishi alikosea tarakimu: linganisheni na matokeo ya mechi mojamoja kwenye kurasa za mbele, mkianza na ekipe mbili za mwisho.