Mkutano mkuu wa ushirika umenifukuza bila kunisikiliza

SWALI: Ndugu Mwanasheria, assalaam alaykum. Kwa miaka minne nimekuwa karani wa kituo cha kupokea maziwa cha chama chetu cha ushirika hapa Tanga. Mwenyekiti wa bodi alilinganisha daftari langu la mapokezi na hati za kiwandani, akadai kuna upungufu mkubwa, kisha akanisimamisha kazi bila mshahara. Wiki mbili zilizopita jambo hilo lilipelekwa kwenye mkutano mkuu aliouongoza yeye mwenyewe. Wanachama walipaza sauti nifukuzwe, nami nikanyimwa nafasi ya kusema. Kesho yake nilipewa barua ya kuachishwa kazi yenye sababu moja tu: mkutano mkuu umeamua. Sasa ananitaka nitie saini karatasi ya kukubali deni. Je, niende kwa Mrajis? Msomaji, Tanga.

JIBU: Waalaykum salaam, ndugu yangu. Kwanza hesabu siku zako, kwa sababu mgogoro wa kuachishwa kazi hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 30, na karibu nusu ya muda huo umekwisha kupita. Nenda ofisi ya Tume hapo Tanga wiki hii, ujaze fomu ya kuwasilisha mgogoro, umpelekee mwajiri nakala na utunze uthibitisho kwamba ameipokea. Ukichelewa, itakubidi kwanza uombe kuongezewa muda na ueleze sababu za kuridhisha. Mrajis anasimamia uendeshaji wa vyama na unaweza kumwandikia, lakini barua hiyo haizuii siku zako kuendelea kuhesabiwa.

Mkutano mkuu ndio chombo cha juu kabisa cha chama, na wanachama wana kila sababu ya kuumia maziwa yao yanapopotea. Hata hivyo, chama kinapoajiri mtu kinakuwa mwajiri kama mwajiri mwingine yeyote, na wingi wa sauti haukiondolei wajibu huo. Kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 kinamtaka mwajiri athibitishe kwamba alikuwa na sababu halali na ya haki, na pia kwamba alifuata utaratibu wa haki. Chama kikithibitisha upungufu lakini kikashindwa kuonyesha kwamba ulisikilizwa, bado kimevunja sheria.

Utaratibu wenyewe umeelezwa katika kanuni ya 13 ya Kanuni za Utendaji Bora, Tangazo la Serikali Na. 42 la mwaka 2007. Mwajiri hufanya uchunguzi kwanza, kisha humpa mfanyakazi tuhuma zake kwa lugha anayoielewa na muda wa kujiandaa usiopungua saa 48. Kwenye kikao mfanyakazi anaweza kusaidiwa na mwakilishi wa chama cha wafanyakazi au mfanyakazi mwenzake, huuliza mashahidi maswali, hutoa utetezi wake, na akionekana ana kosa huruhusiwa kueleza kwa nini apunguziwe adhabu. Anayeongoza kikao hapaswi kuwa mtu aliyehusika na mazingira yaliyozaa tuhuma. Kwako, aliyegundua upungufu, aliyekusimamisha na aliyeongoza mkutano ni mtu mmoja, na kwa maoni yangu hiyo ndiyo kasoro kubwa kuliko zote. Kukusimamisha bila mshahara wakati wa uchunguzi ni kosa jingine, kwa kuwa mfanyakazi anayesubiri kikao hulipwa mshahara wake kamili.

Naona haja ya kulisisitiza hili, maana wengi katika ushirika hudhani kikao ni kupoteza muda pale hesabu zinapokataa kulingana. Chukua maziwa yenyewe: lita 100 zina uzito wa takriban kilo 103. Kama kituo chenu kinapokea kwa mizani na kiwanda kinapima kwa lita, daftari litaonyesha 103 na hati ya kiwandani 100, bila hata tone moja kuibwa. Sisemi kwamba ndivyo ilivyotokea kwenu. Nasema kwamba anayeweza kulieleza jambo kama hilo ni karani, naye ndiye aliyenyamazishwa.

Karatasi ya deni usiitie saini. Kwa kifungu cha 28 cha Sheria hiyo ya Ajira, mwajiri hawezi kukata mshahara ili kufidia hasara ila mfanyakazi awe amekubali kwa maandishi, hasara iwe imetokana na kosa lake kazini, utaratibu wa haki uwe umefuatwa, na makato yasizidi robo ya mshahara. Saini yako ingewapa ridhaa wasiyokuwa nayo, na huenda ikatumiwa kama ungamo.

Tume itaanza kwa usuluhishi, na msipoafikiana shauri litakwenda kwenye uamuzi, ambako chama ndicho kitakachobeba mzigo wa kuthibitisha kwamba kilikutendea haki. Beba mkataba wako, barua ya kuachishwa kazi na ya kusimamishwa kama ulipewa, hati za mshahara, na nakala za kurasa za daftari ulizonazo. Zile zilizobaki kituoni ziombe kwa maandishi, na barua ya maombi igongwe muhuri wa kupokelewa.