Ukipiga filamu ya msiba, kamera ibaki na karai

Mwaka jana nilitengeneza filamu fupi hapa Lamu, kwa simu tu, kuhusu asubuhi aliyofariki bibi yangu, yaani nyanya, na mara ya kwanza niliiharibu. Ilikuwa dakika 11. Nikatia kilio, nikatia jeneza, nikatia na muziki wa huzuni, halafu nikaiangalia usiku peke yangu moyo usishtuke hata kidogo, na bibi huyu nilimlilia hadi sauti ikakauka.

Basi nikajiuliza, siku ile mimi nakumbuka nini hasa? Kilio sikikumbuki. Namkumbuka mama yuko kiwandani, ule ua wa ndani ya nyumba, anapika mahamri, hodi ikapigwa, akaenda mlangoni na mwiko mkononi, hakurudi, mafuta yakawa yanachemka tu, mahamri yakaungua nyumba nzima ikajaa harufu, mara spika ya msikiti ikaanza kutangaza na jina linalotajwa ni la bibi.

Hiyo ndo filamu yenyewe. Dakika 4, simu kwenye stendi sehemu moja. Mtu akitoka usimfuate jamani, najua mkono unawasha, lakini ukimfuata tu umeshaanza kumwambia mtazamaji alie.

Sauti ndo inabeba kila kitu, kwa hivyo tafuta simu ya pili urekodi pembeni: punda kichochoroni, ndara kwenye ngazi, halafu ndara nyingi, nyingi zaidi. Kwetu maiti hacheleweshwi, akifariki alfajiri mara nyingi adhuhuri ishamkuta kaburini, nyumba inajaa watu na daka, ile baraza ya mlangoni, linajaa wanaume kabla hata mafuta hayajapoa. Mtazamaji akisikia zile ndara ashaelewa. Muziki toa. Na taa usikodi, kiwandani kuko wazi juu, mwanga wa asubuhi unatosha, vichochoro ndo vina giza.

Jingine, na hili nakuomba kabisa, usirekodi mazishi ya kweli ya watu, wala usimwendee na kamera mjane aliye edani, ile ni miezi 4 na siku 10 yake ya kukaa ndani baada ya kufiwa na mume. Omba ruhusa hata kwenu. Mimi mama alinikatalia mara mbili. Mara ya tatu akasema mahamri atapika yeye mwenyewe, hiyo mikono mnayoiona ni yake. Tulipiga mara moja tu, sikuthubutu kumwambia arudie.