Maswali ya Wasomaji: Ndoto Iliyokatazwa Kuvuka

SWALI: Shikamoo mshauri. Mimi ni mvuvi wa dagaa hapa Igombe, wilayani Ilemela, na nina umri wa miaka 34. Kambini kwetu yupo mzee mmoja mpishi ambaye ametufundisha jambo analoliita kuvusha ndoto. Siku za mbalamwezi, tunapopumzika kwa kuwa taa zetu hazivuti dagaa, mtu hujifunga kipande cha uzi wa wavu kwenye kifundo cha mkono wa kushoto, hukilowesha kwa maji ya ziwa, kisha hulala akilitaja jambo analotaka kulijua. Mwenzake humwamsha jogoo la kwanza, naye kabla ya jua kuchomoza hana budi kutenda kwa mikono yake jambo moja aliloliona ndotoni, ili ndoto ipate njia ya kuvukia huku kwetu. Niliota nashona wavu, nikaamka nikashona, na wiki ileile tajiri akatununulia wavu mpya. Niliota nazungumza na shangazi yetu wa Ukerewe, nikampigia simu alfajiri, na siku ya tatu akatutembelea. Lakini mwezi huu nimemwota mdogo wangu, ambaye tunavua naye mtumbwi mmoja, akizama. Mzee anasema ndoto mbaya haisimuliwi, la sivyo itavuka. Mwenyewe anapaswa kukaa nayo mpaka uzi uoze na kukatika. Sasa silali, na giza linakaribia kurudi. Nimwambie mdogo wangu au ninyamaze?

JIBU: Marahaba, ndugu yangu. Usinyamaze. Nimelitanguliza jibu kwa sababu giza la mwezi halimsubiri mtu. Sasa nieleze kwa nini.

Kwanza nikiri kwamba mzee wenu ana jicho kali. Katika kipindi cha giza ninyi hukesha ziwani na kulala mchana kwa vipande, huku jua na kelele za mwaloni zikiwasumbua; mbalamwezi inapowarudisha kwenye usingizi wa usiku, mwili hudai deni lake, na ile sehemu ya usingizi yenye ndoto nyingi huja kwa nguvu kuliko kawaida. Sehemu hiyo, ambayo macho huchezacheza chini ya kope, ilielezwa mwaka 1953 na Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman wa Chuo Kikuu cha Chicago. Hurudi takriban kila baada ya dakika 90, na kwa kawaida hurefuka kadiri usiku unavyokwenda, hivyo mtu anayeamshwa jogoo la kwanza mara nyingi hutolewa katikati ya ndoto ikiwa bado mbichi. Kama angekuwa anawaamsha saa tano usiku, nadhani desturi hii ingekufa kwa kukosa ndoto za kuvusha.

Ama kuhusu ndoto zilizotimia, tazama ni nani aliyezivusha. Shangazi anayepigiwa simu alfajiri lazima afunge safari kuja kuangalia kuna nini. Tajiri naye, akimkuta mvuvi ameketi na wavu mkuukuu kabla ya jua kutoka, huenda aliona haya. Sharti la kutenda jambo moja kwa mikono ndilo linaloitimiza ndoto, na wala si jambo baya, kwani limekupatia wavu. Ila zile ndoto ambazo hukuzitendea chochote, zikapita, hukuzihesabu.

Njia kati ya ndoto na hali ya kuwa macho imewahi kupimwa kweli. Mwaka 1975, katika Chuo Kikuu cha Hull nchini Uingereza, Keith Hearne alinasa kwa mashine miondoko ya macho ambayo mtu aliyelala, akijua kwamba anaota, aliifanya kama walivyokuwa wameagana. Lakini kilichovuka pale kilikuwa ishara ya mwotaji mwenyewe; haikuwa habari ya jambo ambalo halijatokea.

Ndoto ya mdogo wako haikuhitaji kutoka mbali. Usiku nchi kavu hupoa upesi kuliko maji, upepo ukatoka ufukoni kila upande kuelekea ziwani, ukakutana juu ya maji yenye joto na kupanda. Ndiyo maana dhoruba nyingi za Ziwa Victoria huja usiku na alfajiri, saa zilezile mnazokuwa mmewasha taa. Wewe unalijua hilo kwa mwili wako, na mvuvi mwenye ndugu katika mtumbwi wake ana kila sababu ya kuliota.

Linalonikera ni lile katazo. Najua Waislamu wengi wamefundishwa kutoisimulia ndoto mbaya, bali kujikinga kwa Mwenyezi Mungu na kugeukia ubavu wa pili. Lakini mafundisho hayo humwambia mwotaji kwamba haitamdhuru, aiache. Mzee wenu anakutaka uibebe mkononi hadi uzi uoze. Nyuzi za nyavu za siku hizi ni za nailoni, ndugu yangu. Huo wako hautaoza hata mdogo wako akipata wajukuu.

Kwa hiyo ukate kwa kisu. Ikiwa dini yako inakuzuia kuisimulia ndoto yenyewe, mwambie mdogo wako hofu yako tu: kwamba hutaki aingie mtumbwini bila jaketi okozi, na kwamba mtaangalia taarifa ya Mamlaka ya Hali ya Hewa kabla ya kushusha mtumbwi. Kisha lala. Mvuvi ambaye hajalala kwa wiki mbili ni hatari kwa wenzake wote mtumbwini.

SWALI: Nami niko Sengerema na nimejaribu kuvusha ndoto. Mwenzangu aliponiamsha nilishindwa kujitikisa, kana kwamba kuna mtu amenikalia kifuani. Je, uzi umenifungulia jinamizi?

JIBU: Uzi hauhusiki, anayehusika ni huyo mwenzako anayekuamsha. Tunapoota, misuli mingi hulegezwa ili tusitende kwa miguu yale tunayoyatenda ndotoni, na wakati mwingine akili huamka kabla mwili haujafunguliwa. Hali hiyo huwapata zaidi wanaokatiza usingizi wao na wanaolala chali. Ikikushika tena, usipambane nayo kwa mwili mzima. Pumua taratibu, ujaribu kusogeza kidole kimoja cha mguu, nayo itaachia baada ya muda mfupi. Na umwombe mwenzako akuache ulale mpaka kupambazuke.