Muulize Mwalimu wa Kemia: Buluu ya mrututu na magadi

SWALI: Shikamoo mwalimu. Nilitia maji ya mrututu kwenye maji ya magadi, nikapata mashapo ya kijani-buluu. Nilipozidisha magadi, mashapo yakapotea, maji yakawa buluu iliyokolea kuliko mrututu wenyewe. Yamekwenda wapi?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Swali lako limenifurahisha hata nikarudia jaribio usiku uleule, kwenye gilasi niliyoitenga kwa kazi hiyo tu, maana mrututu ni sumu.

Mrututu ni salfeti ya shaba, na shaba yako haijapotea. Magadi yakiwa machache, shaba hushika kaboneti iliyomo ndani yake pamoja na haidroksaidi, ikazama. Yakiwa mengi, kila ioni (chembe yenye chaji ya umeme) ya shaba hukumbatiwa na kaboneti mbili. Mkusanyiko huo una chaji hasi mbili na huyeyuka majini. Ndiyo hiyo buluu. Na magadi ya Ziwa Magadi yanafaa sana, kwa kuwa ndani yake mna kaboneti na baikaboneti pamoja.

Dondoshea maji ya ndimu: utaona mapovu ya kaboni dayoksaidi, kisha buluu inafifia. Usichemshe, shaba itageuka oksaidi nyeusi.

Buluu hiyo ikikauka polepole huacha fuwele za kaboneti ya sodiamu na shaba. Madini hayohayo yalikutwa juu ya vyombo vya kale vya shaba nyeusi (mchanganyiko wa shaba na bati) kutoka Misri, yakapewa jina mwaka 1955: kalkonatroniti. Chumvi ya magadi ilikuwa imekutana na shaba, kama ilivyokutana kwako.